Likizo na Jembe Mkononi

Jumatatu ya Novemba 13, 2023, Wakenya walipewa siku ya mapumziko ambayo haikuwa kwenye kalenda. Aliyeitangaza ni Waziri wa Usalama wa Ndani wa wakati huo, Kithure Kindiki, mwana wa Tharaka Nithi, kaunti iliyobanwa katikati ya Meru na Embu. Siku yenyewe ilikuja na sharti: kazi zisimame nchini kote ili kila mtu ashike jembe, achimbe shimo na apande mche. Shabaha ilikuwa miche milioni 100. Mei 10, 2024 mambo yakawa yale yale, safari hii pamoja na kuwaomboleza waliokufa kwenye mafuriko. Misitu tunaihitaji, na anayeishi chini ya Mlima Kenya hana haja ya kuelezwa mito inakotoka. Lakini hebu tuitazame likizo yenyewe. Mtu anaambiwa leo usifanye kazi, na kwa pumzi hiyo hiyo anakabidhiwa kazi, tena ya kuinama. Kinachostaajabisha ni kwamba utaratibu huo ulitupita bila kutukwaruza. Tulikuwa tumeuzoea zamani.

Tumeuzoea kwa sababu hivyo ndivyo tunavyojipangia wenyewe hata waziri asipotangaza lolote. Mapumziko ya siku hizi hayaruhusiwi kubisha hodi mikono mitupu. Yakija wikendi, yaje na faida: kilo zilizopungua mwilini, picha za kuwaonyesha waliobaki nyumbani, mtu wa maana wa kufahamiana naye, ploti ya kwenda kutazama njiani. Mtu hatoki tena kunyoosha miguu. Anatoka kutimiza hatua elfu kumi, na simu ndiyo karani. Hasomi kitabu kwa raha zake, anajiendeleza. Wanaolalamika kwamba hawapati nafasi ya kupumzika hulaumu foleni, mshahara au mwajiri, na mara nyingi wana haki. Ila hata anayeipata hiyo nafasi hajui aifanyie nini, na hapo ndipo penye kiini cha makala haya. Tumeichukua kanuni ya shamba, kwamba kila kipande sharti kizae, tukaihamishia kwenye saa za starehe. Saa ya starehe ikilazimishwa kuzaa hugeuka kibarua cha pili, kisicho na malipo wala chama cha kukitetea.

Ukitaka kuichunguza hali hiyo ilipokomaa, njoo kwenye miteremko ya mashariki ya Mlima Kenya. Ardhi hii inazalisha karibu kila kitu kinachomnyima binadamu usingizi. Wakoloni walipoanza kuwaruhusu Waafrika walime kahawa, katika miaka ya 1930, maeneo waliyoanzia yalikuwa Meru, Embu na Kisii. Juu ya kahawa, kwenye baridi karibu na msitu, kuna chai. Kwenye vilima vya Nyambene, kuanzia Tigania hadi Igembe, kuna miraa. Chini kwenye joto la Mbeere, upande wa Embu, kuna muguka, ndugu ya miraa. Ukanda mmoja, mazao manne, na yote manne soko lake ni mtu anayetaka kuendelea kuwa macho. Dunia ikitaka kulala itafute kwingine. Hapa kwetu tunauza kukesha, na kwa kukesha huko tumelipa karo na kujenga nyumba za mawe.

Miraa inafaa kutazamwa kwa makini kwa sababu ndiyo starehe yetu iliyosafiri mbali kuliko zote, na kwa sababu inaonyesha jinsi starehe ya mmoja inavyosimama juu ya mhemo wa mwingine. Majani na vikonyo hivyo havingoji mtu. Huchumwa alfajiri, hufungwa kwa majani ya mgomba visikauke, na baada ya takriban siku mbili nguvu yake imekwisha. Ndiyo maana pikapu zinazotoka Maua na Laare hukimbia kama zinafukuzwa. Kila dereva wa barabara ya Meru kwenda Nairobi anazijua na huzipisha mapema. Mzigo hufika uwanja wa ndege wa Wilson, na jioni Mogadishu imekwisha kukaa kitako. Uholanzi ilipoipiga marufuku mwaka 2013 na Uingereza ikafuata mwaka 2014, na Somalia ilipozuia ndege za miraa kuanzia Machi 2020 hadi Julai 2022, wakulima wa Igembe waligundua kwamba riziki yao yote ilitegemea wageni wapate saa tano za kukaa bila haraka. Mkulima mwenyewe hana hata nusu ya saa hizo. Akiwa nazo, atazitumia kulinda miti isichumwe na mwizi.

Hapo mtu anaweza kupinga, na hoja yake ni nzito: je, miraa si ushahidi kwamba watu wetu wanajua kukaa? Barazani Mombasa au Eastleigh, watafunaji hukaa mchana kutwa. Saa za kwanza ni za maneno, handasi, ule msisimko wa miraa, imepanda, na maghorofa hujengwa hapo hapo kwa mdomo. Baadaye kunakuja kimya cha kutafakari, ambacho watu wa Yemen, mabingwa wa zamani wa kitafunwa hicho, hukiita saa ya Suleiman. Hata Njuri Ncheke, baraza la wazee wa Ameru lenye makao yake Nchiru, limekuwa likitumia miraa katika mashauri na sherehe tangu kabla ya mzungu, na kitita maalumu hupelekwa kwa wazazi wa binti anayeposwa. Kweli. Lakini katika matumizi hayo jani lilikuwa mgeni wa shughuli: watu walikuwa wamekutana tayari, kwa posa, kwa shauri la mpaka, kwa ugeni, na miraa ikapitishwa. Leo wateja wengi waaminifu ni dereva wa lori anayetaka kuvuka usiku, mlinzi wa lango na mwanafunzi ambaye mtihani uko mlangoni. Kilichokuwa kiungo cha mazungumzo kimekuwa zana ya kazi. Nasema hivyo bila kuwacheka, kwa maana mwenye ofisi anayekunywa kikombe cha nne cha kahawa saa kumi alasiri anafanya jambo hilo hilo, tofauti ni bei ya kikombe.

Mabishano ya muguka ya Mei 2024 yalidhihirisha jinsi tusivyo na lugha ya kujadili starehe. Gavana wa Mombasa, Abdulswamad Nassir, alipiga marufuku muguka katika kaunti yake, na kaunti jirani za pwani zikamfuata. Upande wa pwani ulizungumzia vijana wanaoharibika. Upande wa Embu ulizungumzia mapato ya wakulima na sheria ya mazao, na Mahakama Kuu ya Embu ikaisimamisha marufuku hiyo kwa muda. Pande zote mbili zilikuwa na hoja. Swali lililosikika kwa nadra ni lile la kawaida kabisa: kijana asiye na kazi, saa nane mchana, jua likichoma, kama hatatafuna, atafanya nini na mchana wake? Pwani haikumjibu, na Embu haikuulizwa. Kwa viongozi wetu mchana wa kijana una matumizi mawili tu, ama kuzalisha ama kuharibika.

Turudi kwenye siku ambazo sheria imetupa kwa hiari yake. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inampa mfanyakazi siku moja ya mapumziko katika kila siku saba, na likizo ya siku 21 za kazi kwa mwaka, kwa malipo kamili. Siku 21 si haba. Sasa mfuate mwalimu wa Nkubu au karani wa Runyenjes anapoanza likizo yake. Siku ya kwanza kuna fundi wa ua. Wiki ya kwanza ni mavuno ya kahawa, au kesi ya shamba iliyoahirishwa mpaka yeye apate nafasi. Halafu kuna kamati ya mazishi, kamati ya harusi, na kamati ya kulipa madeni ya kamati zilizotangulia. Jumapili, ambayo Mungu mwenyewe aliitengea kupumzika, ina ibada ndefu, mnada wa ndizi na kuku wa ujenzi wa kanisa, kisha mkutano wa chama. Mtu huyo anarudi kazini akiwa amechoka hasa, na wenzake wanamwambia amenawiri.

Hata sikukuu za kitaifa tumezipa ratiba. Madaraka ya mwaka 2018 iliadhimishwa Meru, uwanjani Kinoru, na ya mwaka 2023 Embu. Ulikuwa ugeni mkubwa kwa miji hiyo, viwanja vikapata sura mpya na wenyeji wakafurahi kwa haki. Bado ni siku ya mapumziko ambayo raia anaamka kiza kiza ili awahi foleni, akaguliwe, akae juani asikilize hotuba. Na kwa watoto hali ni mbaya kiasi cha kuhitaji Bunge. Sheria ya Elimu ya Msingi ya mwaka 2013 inakataza masomo ya ziada wakati wa likizo. Fikiria jamii ambayo sharti itunge sheria, na adhabu juu yake, ili mtoto asifundishwe wakati shule zimefungwa, kisha wazazi wenyewe ndio wanaotafuta kichochoro cha kuikwepa.

Wanauchumi waliona shida hii ya starehe ikija, ijapokuwa mmoja wao aliiona kombo. Mwaka 1930 John Maynard Keynes alitabiri kwamba baada ya miaka mia moja mashine zingekuwa zimetajirisha watu kiasi kwamba saa 15 za kazi kwa wiki zingetosha, na taabu ya binadamu ingekuwa namna ya kuzijaza saa zilizobaki. Miaka mia hiyo inatimia 2030. Kanuni za mishahara za Kenya bado zinaruhusu saa 52 kwa wiki, na 60 kwa wanaofanya kazi usiku, na hizo ni za mtu mwenye mwajiri. Mwenye kibanda cha mboga hajawahi kuzihesabu. Aliyelenga karibu zaidi ni Msweden Staffan Linder, katika kitabu chake cha mwaka 1970. Hoja yake ni rahisi: kadiri saa ya kazi inavyokuwa na bei, ndivyo saa ya kukaa inavyokuwa ghali, maana kila unapokaa unahesabu ulichokosa. Kwa hiyo anayepata zaidi hustarehe kwa pupa, akirundika vitu ndani ya saa moja ili ailipe gharama yake: nyama, mpira kwenye televisheni, simu mkononi na mazungumzo ambayo hayasikii. Aliyekaa Makutano mjini Meru Jumamosi jioni na kuwatazama watu wa meza ya jirani ameusoma utafiti huo bila kufungua kitabu.

Linder hakuijua M-Pesa. Tangu huduma hiyo ianze mwaka 2007, bei ya kila dakika imeingia mfukoni, na yeyote anaweza kuuza, kudai, kukopa au kuombwa mchango akiwa kitandani. Faida zake sina haja ya kuzitetea; soko la Gakoromone mjini Meru lisingekubali kurudi nyuma hata siku moja. Ila duka lililokuwa na mlango wa mbao lilikuwa na saa ya kufungwa, na mlango ukishafungwa mwenye duka alikuwa mtu wa kawaida mpaka kesho. Sasa mlango haupo. Seneta Samson Cherargei wa Nandi aliwasilisha mswada wa kumlinda mfanyakazi asisumbuliwe kwa simu na barua pepe nje ya saa za kazi, mfano wa sheria iliyoanza kutumika Ufaransa mwaka 2017, na shirikisho la waajiri likaupinga. Mimi ningeuunga mkono, nikijua kwamba ungewasaidia wachache. Wengi wetu anayetusumbua usiku ni sisi wenyewe, tukichungulia kama kuna aliyetusumbua.

Kutoweza kwetu kutulia kumepimwa. Mwaka 2014 mwanasaikolojia Timothy Wilson wa Chuo Kikuu cha Virginia na wenzake walichapisha matokeo ya majaribio yaliyowataka watu wakae peke yao chumbani kwa dakika kati ya sita na 15, bila simu, bila kitabu, wawaze tu. Wengi hawakuifurahia kazi hiyo. Katika jaribio moja waliwekewa kitufe cha kujipiga shoti ya umeme, shoti ambayo awali walikuwa wamesema wako tayari hata kulipa ili isiwapate tena. Wanaume 12 kati ya 18 walijipiga angalau mara moja ndani ya dakika 15. Kwa wanawake ilikuwa sita kati ya 24. Miaka miwili baadaye Gabriela Tonietto na Selin Malkoc walionyesha kwamba starehe ikipangiwa saa kamili kwenye shajara huanza kuonekana kama kazi, na raha yake hupungua. Dawa waliyoipata inachekesha kwa msomaji wa huku: ratiba iwe legevu. Badala ya saa tisa na nusu kamili, mkubaliane alasiri. Kumbe yule jamaa anayesema tuonane jioni jioni hivi, na ambaye semina zote za usimamizi wa muda zimemtungia jina baya, alikuwa akilinda furaha ya wote wawili.

Pingamizi linalosikika zaidi ni la njaa. Mapumziko ni anasa ya walioshiba, watasema. Mwenye shamba la robo ekari ajifunze kwanza kuamka mapema. Methali ziko upande wao: ajizi ni nyumba ya njaa, na kazi mbaya si mchezo mwema. Nakubali kwamba kumshauri mchumaji wa majani ya chai ajipe nafasi ni ufidhuli. Lakini pingamizi hili linadhani kwamba kukaa bila kuzalisha ni jambo geni lililoletwa na utajiri, wakati historia inasema kinyume. John Mbiti, mwanateolojia aliyezaliwa Kitui, ng'ambo ya Tana ukitokea Mbeere, aliandika katika kitabu chake cha mwaka 1969 kuhusu wageni wanaowaona Waafrika wameketi na kudhani wanapoteza wakati. Kwa maoni yake, watu hao walikuwa wakiungoja wakati au wakiufanya uwepo, kwa kuwa wakati ulitokana na matukio badala ya kununuliwa kwa saa. Mbiti alipingwa sana, hasa alipodai kwamba fikra za Kiafrika hazina wakati ujao wa mbali, na waliompinga hawakukosea. Hata hivyo katika hili la kuketi alikuwa ametaja kosa ambalo serikali ya kikoloni ililiandika kuwa hatia. Mwanamume bila kipande na bila mwajiri alikuwa mzururaji, na sheria ya uzururaji ilifutwa mwaka 1997, miaka 34 baada ya uhuru. Maskini ndiye aliyekamatwa kwa kukaa. Tajiri alikuwa na klabu.

Kuna pingamizi jingine ambalo silipunguzi makali, kwa sababu linaigusa hoja yangu mbavuni. Wale wazee walioketi chini ya mti, wakicheza bao na kuufanya wakati uwepo, nani alikuwa akichota maji? Utafiti wa kitaifa wa matumizi ya muda wa mwaka 2021, wa Shirika la Takwimu la Kenya, ulionyesha kwamba wanawake hutumia karibu mara tano ya muda wa wanaume katika kazi za nyumbani na malezi yasiyolipwa. Kwa hiyo nikisema tumesahau kukaa, neno "tumesahau" lina jinsia. Wengi katika wanawake hao hawajawahi kupewa nafasi ya kukumbuka. Wala nyama ya Jumapili haijipeleki mezani. Ninachoweza kujibu ni kwamba kanuni ya faida imeikuta dhuluma hiyo ikaikaza: mwanamke aliyemaliza sufuria saa nne usiku sasa anatarajiwa kuwa pia na biashara ndogo mtandaoni, na akiketi kidogo mlangoni, mwenyewe ndiye wa kwanza kujiuliza kwa nini hashoni, hachambui maharagwe, hauzi kitu. Hadai mapumziko kwa sababu hana risiti ya kuyaonyesha.

Basi kama starehe isiyozaa ina haki ya kuwepo, inahitaji pia mahali, na hapa lawama inahama kutoka kwa mtu binafsi. Mbuga ya Meru, ilikozikwa Elsa, simba jike wa Joy na George Adamson, ina kiingilio, inahitaji gari, na bila picha utaulizwa ulikwenda kufanya nini. Maporomoko ya Ndunda na kilima cha Karue, huko Embu, vinapendeza, ila ni safari, na safari ina bajeti. Mjini, katikati ya siku ya kawaida, kiti kilicho wazi mara nyingi ni cha hoteli, na kabla hujakunja goti mhudumu ameshauliza utakunywa nini. Mabenchi machache chini ya miti, Maua au mjini Embu, yasiyo ya mtu, yasiyo na tangazo la benki mgongoni, yasiyo na kibanda cha kuuza bando pembeni, yangegharimu pesa kidogo kuliko hema na viti vya siku moja ya uzinduzi. Ugumu wake ni kwenye makaratasi. Afisa wa mipango wa kaunti atauliza mradi huu utazalisha nini, utainua nani, utapimwa kwa kigezo gani, na aliyeuandika hatakuwa na cha kujaza. Mwakilishi wa wadi atasema yatawapa vijana mahali pa kukaa. Atakuwa amesema kweli, na ndiyo sababu ya kuyatengeneza. Vijana hao wanakaa hata sasa, juu ya kalvati na juu ya pikipiki zilizoegeshwa, na wanaotazama hawawaoni wakipumzika, kwa kuwa kila mmoja amekodoa macho barabarani akimtafuta abiria.